Matunda ya Mkebe kutoka Pwani: Uanze na Ushelisheli au Komoro?

Kuanzia Novemba hadi Machi, embe za Magarini, Malindi, Witu na Mpeketoni huwa nyingi kuliko walaji wake, na mkulima aliyezilinda mwaka mzima hujikuta akikubali bei anayotajiwa na dalali, kwa kuwa tunda lililoiva halina subira. Ndiyo maana kila msimu huzuka upya wazo la kuzitia embe na mananasi kwenye mikebe na kuziuza katika visiwa jirani vya Bahari ya Hindi. Wanaolizungumza huzitaja nchi mbili, Ushelisheli na Komoro, na huzitaja kwa pamoja kana kwamba ni soko moja lenye bandari mbili. Hazifanani hata kidogo. Makala haya yanazilinganisha kwa ajili ya mtu wa Malindi au Lamu mwenye uwezo wa kujaza kontena moja la futi 20, au sehemu yake, na anayetaka kujua aanzie wapi. Mwenye kiwanda cha ukubwa wa kile cha Del Monte huko Thika ana hesabu nyingine, wala hahitaji ushauri wangu.

Uamuzi wa kutumia mkebe badala ya kusafirisha tunda bichi una sababu inayojulikana vyema na wakulima wetu. Nzi wa matunda aitwaye Bactrocera dorsalis aligunduliwa Kenya mwaka 2003, na kufikia 2014 Kenya ilijizuia yenyewe kupeleka embe mbichi katika Umoja wa Ulaya, zuio lililodumu hadi 2021. Embe iliyopikwa ndani ya mkebe uliozibwa haibebi yai wala funza aliye hai, kwa hiyo mkaguzi wa mimea hana cha kuihofia. Isitoshe, matunda mengi yana uchachu wa kutosha, yaani pH iliyo chini ya 4.6, kiasi kwamba joto la maji yanayochemka linatosha kuyahifadhi bila mitambo ya shinikizo inayohitajika kwa samaki au nyama. Embe iliyoiva sana ndiyo hukaribia mpaka huo au hata kuuvuka, na ndiyo maana kiwanda chochote makini hupima kila mpiko na kuongeza asidi ya sitriki panapohitajika.

Nani hasa anakula?

Ushelisheli ina watu wapatao laki moja, wengi wao kisiwani Mahé. Komoro, kwa visiwa vyake vya Ngazija, Nzwani na Mwali, ina watu zaidi ya laki nane. Anayezitazama namba hizi peke yake ataelekeza mzigo wake Moroni, mji mkuu wa Komoro, bila kusita, lakini namba ya wenyeji si namba ya walaji. Mwaka 2019 Ushelisheli ilipokea wageni zaidi ya 380,000, na mgeni wa hotelini hula kifungua kinywa chenye matunda kila siku anayokaa. Benki ya Dunia huiweka nchi hiyo katika kundi la zenye kipato cha juu, ilhali Komoro imo katika kundi la kipato cha kati cha chini. Kwa hiyo mnunuzi wa kwanza wa matunda ya mkebe kule Mahé na Praslin ni jiko la hoteli, na mwenye nyumba hufuata nyuma.

Jambo hili linastahili kukaliwa, kwa sababu ndilo linaloamua kila kingine. Embe humea Ushelisheli kama zinavyomea kwetu, kwa hiyo mpishi wa hoteli hanunui za mkebe kwa kukosa embe. Hununua kwa sababu anataka vipande vya ukubwa uleule, rangi ileile na utamu uleule Januari na Agosti, vilivyokwisha menywa, visivyohitaji kijana wa kumenya wala ndoo ya maganda. Mnunuzi wa namna hii haulizi habari za shamba la embe aina ya Ngowe wala sifa za udongo wa Mpeketoni. Huuliza uzito wa tunda baada ya shira kuchujwa, na huuliza iwapo katoni ya Machi itafanana na ile ya Oktoba. Anayeweza kumjibu kwa karatasi na sampuli ana soko, na asiyeweza atasifiwa kwa ladha ya embe zake kisha aagwe kwa heshima.

Komoro ni soko la duka na la nyumba. Hoteli ni chache, na fedha nyingi zinazozungushwa na familia hutoka kwa jamaa walio Ufaransa, hasa Marseille. Jamaa hao hurudi nyumbani Julai na Agosti, ambao pia ni msimu wa harusi kubwa za ada kisiwani Ngazija, na miezi hiyo wenye maduka huuza vyakula vya kukirimu wageni kuliko wakati mwingine wowote. Ila kumpelekea Mngazija embe za mkebe mwezi wa Desemba ni kumpelekea kitu kinachoning'inia uani kwake. Kwa soko hilo ningefikiria nanasi na mchanganyiko wa matunda, katika mikebe midogo ambayo mama wa nyumbani anaweza kununua mmoja mmoja, na embe ningeziweka kando kabisa.

Unashindana na nani

Mshindani wako unaweza kumwona bila kupanda meli. Ingia duka kubwa lolote la Malindi, mji ambao wenye hoteli na maduka ya aiskrimu wamezoea pichi za shira tangu Waitaliano walipoanza kumiminika, ugeuze mkebe wa pichi na kusoma maandishi madogo ya pembeni. Mara nyingi utakuta umetoka Afrika Kusini. Viwanda vya Rasi ya Magharibi vimekuwa vikisindika pichi, pea na aprikoti kwa vizazi kadhaa, na katika matunda hayo Pwani yetu haina la kusema. Katika nanasi wababe ni Thailand na Ufilipino, na kwa upande wa Kenya ni Thika. Embe za vipande ndizo zenye washindani wachache zaidi kati ya matunda tuliyo nayo, na kwa maoni yangu hiyo ni sababu tosha ya kutoanza na nanasi isipokuwa una mnunuzi aliyekwisha kukubali bei.

Kwa Ushelisheli, bidhaa za Afrika Kusini zina njia nyepesi, kwani nchi hiyo iliingia katika eneo huria la biashara la SADC, jumuiya ya maendeleo ya nchi za kusini mwa Afrika, mwaka 2015. Bidhaa za Ulaya nazo zina mkataba wao wa ubia wa kiuchumi, ambao Ushelisheli imekuwa ikiutekeleza kwa muda tangu 2012 na Komoro tangu 2019. Kwa maneno mengine, Mkenya haingii peke yake katika soko lolote kati ya haya mawili, na akiambiwa na mtu kuwa «COMESA imetufungulia milango», yaani soko la pamoja la nchi za Mashariki na Kusini mwa Afrika, aulize imewafungia nani.

Ushuru na cheti cha asili

Hapa ndipo Komoro inaporudisha nguvu zake. Kenya imo katika eneo huria la biashara la COMESA tangu lilipozinduliwa Oktoba 2000. Komoro iliingia 2006 na Ushelisheli 2009. Kwenye karatasi upendeleo ni ule ule katika nchi zote mbili. Kwa vitendo, Ushelisheli, iliyojiunga na Shirika la Biashara Duniani mwaka 2015, imeondoa ushuru wa forodha katika bidhaa nyingi kwa kila anayeziingiza, atoke COMESA au asitoke. Msamaha unaopewa kila mtu haumsaidii yeyote kumshinda mwenziwe. Kinachobaki ni kodi ya ongezeko la thamani, ambayo kiwango chake cha kawaida ni asilimia 15, na hiyo humgusa Mthailandi kama inavyomgusa mtu wa Malindi.

Komoro, ambayo iliingia Shirika la Biashara Duniani Agosti 2024 tu, bado inaitegemea sana forodha kujaza hazina yake. Nanasi la Thailand linalipa ushuru, na la Kenya lenye cheti cha asili cha COMESA halilipi. Tofauti hiyo ndiyo pumzi ya mfanyabiashara mdogo. Asisahau tu kwamba kodi ya matumizi hutozwa hata kwa bidhaa zilizosamehewa ushuru, kwa hiyo bei ya dukani isipigwe hesabu kana kwamba mzigo umepita bure.

Cheti hicho hakitolewi kwa sababu kiwanda kiko Kenya. Bidhaa lazima itimize mojawapo ya masharti ya asili: iwe imezalishwa yote ndani ya nchi wanachama, au malighafi za kigeni zisizidi asilimia 60 ya gharama ya malighafi zote, au thamani iliyoongezwa ifike asilimia 35 ya gharama ya kiwandani, au malighafi za kigeni ziwe zimebadilika kiasi cha kuhamia fungu jingine la forodha. Mikebe yetu hutengenezwa kwa bati linaloagizwa nje, na sukari nyeupe ya viwandani nayo mara nyingi huagizwa, kwa hiyo sharti la kwanza lisitegemewe. Linalofaa zaidi ni lile la fungu: embe mbichi huingia katika fungu la 0804, na ikishatiwa kwenye shira na kuzibwa inahamia 2008. Hata embe za Tanga, ambazo ni za kigeni kwa kipimo hiki kwa kuwa Tanzania ilijitoa COMESA mwaka 2000, zinaweza kupita kwa njia hiyo. Pichi za Afrika Kusini zilizobandikwa nembo mpya Mombasa hazipiti, kwa kuwa zilikuwa fungu la 2008 zilipokuja na zinabaki fungu hilohilo zinapoondoka.

Bahari, bandari na mkebe wenyewe

Mtu wa Lamu huitazama bandari mpya ya Magogoni, ambayo gati yake ya kwanza ilifunguliwa Mei 2021, na kujiuliza kwa nini mzigo wake upelekwe Mombasa. Swali ni la haki. Hata hivyo kontena moja moja hufuata meli zilizopo na ratiba zake, na kwa mzigo wa ukubwa tunaouzungumzia hesabu bado inaanzia Kilindini, bandari ya Mombasa. Malindi iko kilomita 120 hivi kutoka Mombasa, na kutoka Mokowe, bara ya Lamu, ni safari ndefu zaidi, tofauti inayoonekana kwenye bei ya mwisho ya mkebe.

Kwa mstari ulionyooka, Moroni iko umbali wa zaidi kidogo ya kilomita 900 kutoka Mombasa, na Victoria, mji mkuu wa Ushelisheli, iko umbali wa takriban kilomita 1,750. Ramani inaipendelea Komoro, lakini bandari inaipendelea Ushelisheli. Victoria ina maji marefu na imezoea makontena, kwa kuwa ni kituo kikubwa cha jodari. Bandari ya Moroni ina kina kidogo; meli kubwa hazifungi gatini, na kwa miaka mingi mizigo imekuwa ikishushwa kwenye matishari kabla ya kufika nchi kavu. Bandari ya maji marefu ya Komoro iko Mutsamudu, kisiwani Nzwani, na mzigo wa Ngazija ukishushwa huko unahitaji chombo kingine. Kila kupakua na kupakia upya ni katoni kuangushwa, na mkebe uliobonyea kwenye mshono haufai kuuzwa hata kama tunda lililo ndani ni zima. Ongeza juu yake majira: tufani za kusini-magharibi mwa Bahari ya Hindi huja kati ya Novemba na Aprili, na Kenneth iliipiga Komoro Aprili 2019, ilhali Mahé kwa kawaida iko nje ya njia yao. Msimu wetu wa embe na msimu wa tufani vinaangukia miezi ileile.

Kutu ni adui wa nchi zote mbili, na hapa wa Pwani tuna faida ya kumjua. Chukua mkebe uliokaa ghalani miezi michache karibu na bahari, upitishe kidole kwenye ukingo ambapo kifuniko kimekunjwa na kushonwa na mwili wa mkebe. Ukihisi ukwaru na kidole kikatoka na rangi ya kahawia, ujue kosa halikuanzia ghalani. Lilianza kiwandani, mikebe ilipotolewa kwenye maji ya kupoozea ikiwa baridi kabisa na kutiwa kwenye katoni ingali na unyevu. Ikitolewa ikiwa bado na uvuguvugu wa nyuzi 38 hadi 40 hivi, joto lake lenyewe hukausha maji yaliyojificha kwenye mshono. Mwulize msindikaji wako swali hilo moja, na jibu lake litakuonyesha mengi kuhusu kiwanda chake.

Upo pia muda wa kukaa rafuni. Matunda ya rangi hafifu mara nyingi huwekwa kwenye mikebe isiyopakwa rangi ya kinga ndani, kwa sababu bati kidogo linaloyeyuka hulinda rangi na ladha. Lakini bati hilo huendelea kuyeyuka, na kwa haraka zaidi kwenye joto. Kiwango cha juu kinachoruhusiwa na Codex, viwango vya kimataifa vya chakula, kwa vyakula vya mkebe ni miligramu 250 kwa kilo. Hoteli ya Mahé inaumaliza mkebe upesi. Duka dogo la Fomboni, kisiwani Mwali, linaweza kuwa nao tangu msimu hadi msimu, kwa hiyo tarehe ya mwisho ya kutumia isinyooshwe ili kumridhisha mnunuzi.

Ukubwa na maandishi

Hoteli hununua mkebe mkubwa uitwao A10, wenye takriban kilo tatu, unaofungwa sita kwa katoni. Kontena la futi 20 huchukua katoni zipatazo 1,000 kabla uzito haujawa kikwazo. Kwa Komoro funga mikebe ya gramu 425 au inayokaribia hapo. Shira kwa kipimo cha Brix, yaani kiasi cha sukari kwa mia, huwa nyepesi ikiwa kati ya 14 na 18, na nzito ikiwa kati ya 18 na 22. Kwa hoteli ningetumia nyepesi, kwa sababu mpishi anaweza kuongeza sukari lakini hawezi kuitoa.

Kwa Ushelisheli maandishi ya Kiingereza yanatosha, na karatasi ileile ya soko la Kenya inaweza kutumika kwa marekebisho machache. Komoro inahitaji Kifaransa. Gharama ya kuchapisha karatasi nyingine kwa katoni mia chache si ndogo, na ni mojawapo ya vitu vinavyosahauliwa mara nyingi katika bajeti za mwanzo.

Malipo

Faranga ya Komoro imefungwa kwenye yuro kwa kiwango kisichobadilika cha 491.96775. Rupia ya Ushelisheli imekuwa ikielea tangu Novemba 2008. Mtu angedhani basi Komoro ndiyo salama, na kwa upande wa thamani ya fedha ni kweli. Tatizo la Komoro ni njia ya fedha yenyewe: waagizaji wengi ni wafanyabiashara wa kati na wadogo, na wanapenda kununua kwa mali kauli, hasa wakishagundua kuwa mna undugu. Nasi wa Lamu undugu huo tunao, na lugha zetu zinasikilizana. Kuna heshima kubwa katika biashara ya namna hiyo, na imejenga majumba mengi ya mawe. Lakini kontena zima la mali kauli kwa mnunuzi wa kwanza ni kumkabidhi shemeji mtaji wako na kumwachia yeye kalenda. Dai nusu kabla ya kupakia, na nusu kabla ya kukabidhi hati ya shehena.

Ushelisheli wanunuzi ni wachache na wanajulikana. Yupo mwagizaji mkubwa wa serikali, Seychelles Trading Company, aliyeundwa 2008, na wapo wasambazaji binafsi wanaolisha hoteli. Uchache huo una pande mbili: malipo hufuata mkataba, ila ukikosana na wawili au watatu umefunga nchi nzima.

Uamuzi

Kwa mwenye embe na msindikaji anayeaminika, anayeweza kutoa katoni za A10 zinazofanana mwaka mzima, ningechagua Ushelisheli. Nisingeanza na kontena zima. Ningetuma sampuli za mipiko mitatu tofauti, kila moja na karatasi ya vipimo vyake, nikasubiri msambazaji ajaribu jikoni, na ningekubali faida ndogo mwaka wa kwanza, kwani hakuna ushuru wa kunikinga na mshindani wa Cape Town.

Kwa mfanyabiashara asiye na kiwanda, ambaye tayari anapeleka Moroni bidhaa nyingine kama unga, sabuni au mafuta ya kupikia, jibu ni Komoro, na nanasi la mkebe mdogo liwe sehemu tu ya kontena lake mchanganyiko. Mzigo wa namna hiyo unabeba nauli kwa pamoja, cheti cha COMESA kinampa nafasi mbele ya nanasi la Asia, na katoni chache zikibonyea hazimwangushi. Ahakikishe tu kwamba kila bidhaa ndani ya kontena ina cheti chake cha asili, kwa sababu bidhaa moja isiyo na hati inaweza kuzuia nyingine zote bandarini, na afunge hesabu ya mzigo mapema mwezi wa Mei ili uwe madukani mwishoni mwa Juni, kabla ndege za kutoka Ufaransa hazijaanza kujaa.